Shaba, shabaha na kura ya Lord Swansea

Agosti 1966, Kingston, Jamaika. Ukimtajia Mwafrika Mashariki wa umri fulani michezo ile ya Jumuiya ya Madola, atakusimulia habari za Naftali Temu aliyemwacha Ron Clarke wa Australia kwenye maili 6, na za Kipchoge Keino aliyebeba dhahabu 2, moja ya maili 1 na nyingine ya maili 3. Ni haki yake. Lakini katika michezo hiyohiyo, mbali na shangwe za uwanja wa riadha, bwana mmoja wa miaka 41, umri ambao mwanariadha huwa keshatundika viatu, alilala kifudifudi, kitako cha bunduki begani, akiipima bendera ya upepo kwa jicho. Naye akaipelekea Wales dhahabu. Ulengaji shabaha ndiyo kwanza ulikuwa umeingizwa katika michezo hiyo, kwa hiyo bingwa wa kwanza wa bunduki kubwa katika historia ya Jumuiya ya Madola ni huyo. Orodha ya washindi inamwandika kwa cheo chake: Lord Swansea.

Jina alilopewa na wazazi ni John Hussey Hamilton Vivian. Alizaliwa Januari 1, 1925. Baba yake alipofariki mwaka 1934, mtoto wa miaka 9 akageuka kuwa Baron (cheo cha kurithi cha mabwana wa Uingereza) wa 4 wa Swansea. Akasomeshwa Eton, kisha Trinity College, Cambridge, njia ya kawaida kwa watoto wa tabaka lake. Sheria haikuruhusu mtoto kukaa bungeni, lakini alipofikisha miaka 21 kiti kilikuwa kinamsubiri katika Bunge la Mabwanyenye, kama redio zetu zinavyopenda kuliita lile la juu pale Westminster. Jina hilo lina kejeli ndani yake, na sioni haja ya kuliombea radhi. Haki ya kukikalia kiti hicho ilidumu hadi mwaka 1999. Kwa zaidi ya nusu karne mtu huyu alikuwa na kura katika sheria za Waingereza, na hakuna Mwingereza hata mmoja aliyempigia yeye kura.

Nimemchagua yeye, kati ya wanasiasa wengi wa Uingereza waliopenda bunduki, kwa sababu kisa chake kinagusa jambo linalosumbua kila bunge. Anayelijua jambo kwa undani ndiye mara nyingi mwenye maslahi nalo. Wahenga walishalimaliza: mwamba ngoma huvutia kwake. Walichotuachia tukihangaikie wenyewe ni hiki: tufanyeje pale ambapo huyo mwamba ngoma ndiye fundi anayejua ngozi kuliko wote chumbani?

Kwanza, shaba. Kiswahili kimemfanyia familia hii mzaha mzuri, maana shaba ndiyo iliyowapa cheo na shabaha ndiyo iliyompa huyu wa 4 medali. Akina Vivian walikuwa wayeyushaji wa shaba. Mwaka 1810 walijenga kiwanda cha Hafod kando ya mto Tawe, Swansea, kusini mwa Wales, na katika karne ile mji huo ukawa kitovu cha shaba cha dunia. Mawe ya madini yalikuja kwa meli kutoka Cornwall, halafu Chile na Cuba. Kule Cuba wachimbaji wengi walikuwa watumwa, jambo ambalo hesabu za faida za Swansea hazikulibeba. Moshi wa tanuri uliua nyasi za bonde lile la Tawe kwa miongo mingi. Fedha ikajenga nyumba za wafanyakazi, shule, na jumba la Singleton ambalo leo ni sehemu ya Chuo Kikuu cha Swansea. Henry Hussey Vivian, aliyekuwa mbunge wa kuchaguliwa tangu 1852, akapewa u-baron mwaka 1893 na kufariki mwaka uliofuata. Huyo walau alikuwa ameomba kura kwa watu, tena mara nyingi. Waliomfuata walirithi kiti kama mtu anavyorithi shamba la minazi: mkulima amekufa, nazi zinaendelea kuanguka.

Sasa shabaha yenyewe, maana asiyeuelewa mchezo huu hawezi kuelewa hasira ya wachezaji wake sheria za silaha zilipokazwa.

Bunduki kubwa ya mashindano, kwa mtindo wa Waingereza, haina darubini. Mlengaji hulala kifudifudi, mkanda wa bunduki ameuzungusha kwenye mkono wa kushoto ili umkaze, na hutazama kupitia tundu dogo nyuma na pete mbele. Shabaha ya mbali kabisa katika mashindano makuu huwa yadi 1,000, yaani mita 914. Simama Feri, Dar es Salaam, utazame mtu kilomita moja kasoro kidogo. Huoni uso, huoni mkono, unaona kijiti. Risasi ikitoka mtutuni hukaa angani zaidi ya sekunde moja kabla ya kufika, na katika sekunde hiyo upepo una kazi yake. Upepo wa pembeni wa kawaida tu, wa kutikisa matawi madogo, unaweza kuisukuma risasi zaidi ya mita 2 kutoka pale ulipolenga. Hivyo ustadi unaanza kabla ya kidole hakijagusa kifyatulio: unasoma bendera zilizopangwa kandokando ya uwanja, unasoma mazigazi, ule mtetemo wa joto juu ya nyasi unaokwambia hewa inaelekea wapi, unazungusha vizungushio vya tundu lako, unasubiri. Baada ya kila risasi, watu walio handakini chini ya shabaha huishusha, huweka alama mahali ilipopiga, na kuipandisha tena uone kosa lako mbele ya kadamnasi.

Makao makuu ya mchezo huu ni Bisley, kijiji cha Surrey, kusini-magharibi mwa London. Chama cha Taifa cha Bunduki cha Uingereza kilihamia hapo mwaka 1890 kutoka Wimbledon. Kila Julai hufanyika mkutano mkubwa ambao kilele chake ni Tuzo ya Malkia, au ya Mfalme kutegemea nani yuko kwenye kiti. Mshindi hukalishwa kwenye kiti na kubebwa mabegani, kama bwana harusi. Mwaka 1930 aliyebebwa alikuwa mwanamke, Marjorie Foster, aliyewashinda wanaume wote katika mchezo ambao wengi walidhani ni wa wanajeshi na mabwana. Huu ni mchezo wa utulivu. Mwenye papara hafiki mbali. Watu wake wengi ni wapole kupita kiasi, na ndiyo maana waliposikia wananasibishwa na wauaji waliona wametukanwa.

Tena walikuwa na sababu ya kihistoria. Chama hicho kilianzishwa mwaka 1859, Uingereza ilipokuwa na hofu ya Napoleon III wa Ufaransa, na shabaha yake ilikuwa kuwafunza raia wa kujitolea kupiga bunduki ili wailinde nchi. Mwaka 1860 Malkia Victoria mwenyewe alifungua mashindano ya kwanza Wimbledon kwa kuvuta uzi uliofyatua bunduki iliyokwisha kutegwa kwenye kishikio. Risasi ikatua katikati ya shabaha. (Ukitegewa namna hiyo, hata mimi ningetia katikati.) Katika karne hiyohiyo ukaanza mchuano kati ya Bunge la Mabwanyenye na Bunge la Makabwela: wabunge wa pande mbili wanalala chini kwenye nyasi na kushindana kwa bunduki. Katika mazingira hayo bunduki ya raia ilikuwa alama ya uzalendo, na mlenga shabaha alikuwa mtu ambaye dola inamshukuru. Kijana Vivian alipoingia mchezo huo na kuingia bunge lile, alirithi fikra hiyo pamoja na kiti.

Fikra hiyo ilianza kuvunjika Agosti 19, 1987, katika mji mdogo wa Hungerford, pale mwanamume mwenye silaha za leseni alipoua watu 16 kabla ya kujiua. Mwaka uliofuata sheria ikapiga marufuku bunduki zinazojipakia zenyewe zenye risasi za nguvu. Lord Swansea alikuwa miongoni mwa sauti za walenga shabaha kwenye mjadala ule, kama alivyokuwa miswada mingine ya silaha ilipofika mbele ya Mabwanyenye. Huo ndio ulikuwa uwanja wake. 

Halafu ikaja Dunblane.

Machi 13, 1996, asubuhi, mtu mmoja aliingia katika ukumbi wa mazoezi wa shule ya msingi kwenye mji huo wa Scotland. Jina lake simtaji. Limeshatajwa vya kutosha. Alikuwa na bastola 4 na risasi 743. Katika dakika chache aliua watoto 16 na mwalimu wao, Gwen Mayor, kisha akajiua. Watoto walikuwa wa miaka 5 na 6. Andy Murray, ambaye dunia ingemjua baadaye kwa tenisi, alikuwa mwanafunzi katika shule hiyo siku ile. Bastola zote 4 zilikuwa za halali. Muuaji alikuwa na kibali cha polisi.

Ombi la wananchi lililoitwa kwa jina la ua dogo jeupe, ua pekee lililokuwa limechanua Dunblane mwezi ule, lilikusanya saini zipatazo 700,000. Jaji Lord Cullen akachunguza, na Oktoba 1996 ripoti yake ikatoka. Serikali ya John Major ikaenda mbali kuliko alivyopendekeza jaji: bastola zote zenye mdomo mpana kuliko ule wa inchi .22 zipigwe marufuku, na hizo ndogo zibaki zimefungiwa klabuni. Sheria ikapita Februari 1997. Tony Blair akashinda uchaguzi Mei, na kabla mwaka haujaisha sheria ya pili ikazifagia na hizo .22. Zaidi ya bastola 160,000 zikasalimishwa polisi na wenyewe wakalipwa fidia.

Mabwanyenye walijadili mswada ule kwa kirefu, na wale wenye kujua bunduki ndio waliosema sana. Hapa msomaji mvivu atamaliza haraka: bwana wa kurithi, mwenye medali, anatetea mchezo wake dhidi ya wazazi waliozika watoto. Mambo hayakuwa mepesi hivyo. Bunduki iliyompa Lord Swansea dhahabu Kingston haikuguswa na sheria zile. Marufuku ilikuwa ya bastola. Angeweza kukaa kimya na kuendelea na Bisley yake. Waliokuwa wanapoteza mchezo ni walenga shabaha wa bastola katika klabu za miji midogo, watu wa kazi za kawaida, ambao kwenye Bunge la Makabwela hawakuwa na wengi wa kuwasemea kwa sauti, maana mwaka wa uchaguzi ulikuwa mlangoni na wabunge wengi hawakutaka kupigwa picha upande usiofaa. Ni kichekesho kichungu: wasiochaguliwa ndio walioweza kuwatetea wachache wasiopendwa, kwa sababu tu hakuna ambaye angewaadhibu kwa hilo.

Tena hoja za upande wao zilikuwa na uzito. Ripoti ya Cullen ilionyesha kuwa polisi walimjua mtu yule. Mwaka 1991 mpelelezi mmoja aliandika kushauri anyang'anywe kibali. Wakubwa wake wakakiacha, na kikahuishwa. Walenga shabaha wakasema sheria ilikuwepo, kilichokosekana ni mtu wa kuitumia. Wakasema pia kwamba jambazi hanunui bastola kwa leseni. Na kweli, kwa miaka kadhaa baada ya marufuku, uhalifu wa bastola Uingereza na Wales uliongezeka kabla ya kuanza kushuka. Takwimu hizo walizishika kama hati ya ushindi.

Mimi nadhani walikuwa sahihi katika karibu kila jambo dogo, na wakakosea katika lile kubwa. Sheria za 1997 hazikutungwa kumkomesha jambazi. Zilijibu swali la wazazi wa Dunblane, ambalo lilikuwa rahisi kuliko hotuba zote: mchezo wenu una haki ya kuhitaji kiasi gani cha hatari kutoka kwetu? Swali hilo halijibiwi kwa kujua tofauti ya .22 na .38. Bingwa wa dunia na muuza samaki wana uwezo sawa wa kulijibu, na penye uwezo sawa, ndipo panapohitajika mtu anayeweza kung'olewa kwenye kiti na muuza samaki huyo. Lord Swansea hakuweza kung'olewa. Udhaifu wake ulikuwa hapo, wala si kwenye hoja zake, na hakuwa na namna ya kuurekebisha hata angekuwa malaika.

Mahali ambapo fundi kama yeye alihitajika kweli ni kwenye vifungu. Ukisema "bastola ni marufuku", umemfunga daktari wa mifugo anayemaliza mateso ya farasi aliyevunjika mguu, umemfunga mtu wa machinjioni, na umemfunga hata mzee anayesimama pembeni ya njia ya mbio na bastola ya kuanzishia. Temu na Keino wenyewe walianza kwa mlio wa namna hiyo. Sheria ile ikabidi itaje misamaha hii mmojammoja. Ikaacha pia bunduki za kale za kujazwa baruti kwa mbele. Kazi ya kuchambua vitu kama hivyo inamtaka mtu aliyewahi kufungua mtutu kwa mikono yake, na bunge lisilo na mtu huyo hutunga sheria inayochekesha mahakamani. Msikilize mwamba ngoma anapokueleza ngozi; ukifika wakati wa kuamua kama ngoma ipigwe msibani, hapo sauti yake ni moja kati ya nyingi.

Matokeo kwa mchezo? Walenga bastola wa Uingereza wakawa wakimbizi wa michezo. Ili kufanya mazoezi ya fani za Olimpiki zilizopigwa marufuku iliwabidi waende nje, Uswisi na kwingineko Ulaya. Mick Gault wa Uingereza, ambaye hadi anastaafu alikuwa na medali 18 za Jumuiya ya Madola, alijenga sehemu kubwa ya maisha yake ya mashindano katika hali hiyo. Michezo ya Manchester ilipofika mwaka 2002, mashindano ya bastola yalifanyika Bisley kwa ruhusa maalumu ya serikali. London 2012, ruhusa maalumu tena. Ireland ya Kaskazini, ambayo ingetarajiwa kuwa ya kwanza kuziogopa silaha, haikuhusishwa na marufuku ile. Bastola za leseni zipo huko mpaka leo.

Tangu 1997 Uingereza haijaona tena Dunblane. Imeona Cumbria mwaka 2010, watu 12 waliuawa, na Plymouth mwaka 2021, watu 5. Silaha zilizotumika ni za aina ambazo sheria iliziacha: shotgani, na huko Cumbria bunduki ya .22 pia. Kule Plymouth polisi walikuwa wameichukua shotgani ya muuaji kisha wakamrudishia. Mlenga shabaha ataona hapo ushahidi kwamba tatizo ni polisi. Mzazi ataona ushahidi kwamba marufuku iliishia katikati. Mimi nawapa haki wote wawili, ila nikilazimishwa kuchagua nitakaa na mzazi.

Novemba 1999 serikali ya Blair ikaligeukia Bunge la Mabwanyenye lenyewe. Mamia ya waliorithi viti wakatolewa, wakabakizwa 92. Lord Swansea hakuwa kati ya hao 92. Akafariki Juni 24, 2005, akiwa na miaka 80. Sijui kama kuna aliyeona jinsi mambo mawili aliyoyapenda yalivyopunguzwa ndani ya miaka 3, moja kwa ajili ya usalama na jingine kwa ajili ya demokrasia, na kwamba katika yote mawili hoja iliyomshinda ilikuwa ileile: kwa idhini ya nani?

Pale Hafod, kiwanda cha shaba cha wazee wake kilibaki magofu kwa miaka mingi. Tangu 2023 sehemu yake inatengeneza wiski. Ulengaji shabaha uliachwa nje ya michezo ya Jumuiya ya Madola ya Birmingham 2022. India, inayovuna medali nyingi humo, ilitishia kususia, kisha ikaja. Ratiba ya Glasgow 2026 nayo ikapangwa na michezo 10 tu, na bunduki haimo. Bisley bado wanalala kwenye nyasi kila Julai, wanasoma mazigazi.